Pickthall: Tunajivunia shahada yake, kalamu yake hatuijui



Wiki chache zilizopita nilialikwa kwenye darsa la vijana baina ya Magharibi na Isha. Juu ya marufaa palikuwa na tafsiri ya Qur'an kwa lugha ya Kiingereza, ile ya Pickthall, nakala kuukuu ambayo jalada lake limeshonwa upya kwa uzi. Kijana mmoja wa sekondari akanyoosha mkono: "Maalim, huyu Pickthall ni nani?" Kabla sijajibu, mwenzake akanitangulia: "Ni Mzungu aliyesilimu." Mtu mmoja akapiga takbira, wengine wakaitikia, na swali likafia hapo hapo.

Nilirudi nyumbani sina raha. Jibu lile halikuwa la uongo. Lakini shahada mtu huitamka kwa muda usiofika dakika moja, na huyu bwana aliandika kwa zaidi ya miaka 30: riwaya, hadithi fupi, makala za magazeti, tahariri, hotuba, na hiyo tafsiri. Magazeti yetu, na mimi mwenyewe nikiwemo, tuna mazoea hayo. Mzungu akisilimu tunaiandika habari yake kwa herufi kubwa, kisha tunamsahau. Hatuulizi alikuwa akifanya nini kabla, wala alikwenda kufanya nini baadaye. Basi leo nataka nimjibu yule kijana, kwa urefu kidogo.

Marmaduke William Pickthall alizaliwa London tarehe 7 Aprili 1875. Baba yake alikuwa kasisi wa Kanisa la Anglikana katika kijiji cha Chillesford, jimbo la Suffolk, mashariki mwa Uingereza. Baba alifariki mtoto akiwa bado mdogo, na mama akahamia London na wanawe. Alisomeshwa Harrow, moja ya shule za watoto wa wakubwa, wakati mmoja na Winston Churchill. Shule haikumpendeza na hakukaa sana. Alikuwa na kipaji cha lugha, na nia yake ilikuwa kuingia katika utumishi wa serikali, katika ofisi za ubalozi huko Mashariki. Akafanya mtihani. Akafeli.

Wengi wetu tuna ndugu au jirani aliyefeli mtihani mmoja na nyumba nzima ikavaa msiba. Kwa Pickthall kufeli kule ndiko kulikomfungulia mlango. Mwaka 1894, hajafika hata miaka 20, mama yake alimruhusu asafiri kwenda Misri na Palestina, kwa matumaini kwamba huenda akapata kazi kwa njia nyingine. Kazi hakupata. Alichopata ni Kiarabu. Aliwaacha Waingereza wenzake katika hoteli zao na baraza zao, akavaa kama watu wa pale, akazunguka na mwongoza njia wake kutoka Jaffa hadi Jerusalem na Damascus, akilala katika nyumba za wageni za bei nafuu na kusikiliza hadithi za watu wa mitaani. Waingereza walioishi huko walimwona amejivunjia heshima. Yeye, kwa maelezo yake ya baadaye, aliona kwamba watu wale maskini walikuwa na furaha ambayo hakuwahi kuiona kwao.

Damascus ndipo lilipotokea jambo ambalo mimi nalihesabu kuwa somo kubwa kuliko yote katika maisha yake, nalo halikufanywa na Pickthall mwenyewe. Alikuwa akisoma Kiarabu kwa sheikh mmoja wa Msikiti wa Bani Umayya. Siku moja alimwambia sheikh wake kuwa anataka kusilimu. Ndugu msomaji, jiulize ingekuwa leo. Kijana wa Kiingereza, mtoto wa kasisi, anakuja na miguu yake mwenyewe! Tungemwita mpiga picha kabla hata hajatawadha. Yule sheikh alimuuliza habari za mama yake. Akamwambia asubiri mpaka awe mtu mzima, arudi kwao, aione tena nchi yake, kwani sasa yuko peke yake ugenini kati ya Waislamu, kama vijana wa Kiislamu wanavyokuwa peke yao kati ya Wakristo. Akamwambia kuwa yeye naye ni mzazi, na anajua angejisikiaje kama mwalimu wa Kikristo angemfanyia mwanawe kinyume cha hivyo.

Nimewahi kuwasimulia kisa hiki baadhi ya wenzetu wa daawa, na wako waliokasirika. Walisema sheikh yule alihatarisha nafsi ya mtu: je, angekufa kabla? Hoja hiyo si ndogo, na sitajifanya ninayo fatwa mfukoni. Ninachojua ni kwamba Pickthall hakulisahau neno lile hadi uzee wake. Kabla ya kumwona dada au rafiki mbele yake, yule sheikh aliona mama mjane aliyeko mbali, na haki yake. Zilipita zaidi ya miaka 20 kabla kijana yule hajatamka shahada.

Alirudi Uingereza, akamuoa Muriel Smith mwaka 1896, akaanza kuandika kwa dhiki. Mwaka 1903 ikatoka riwaya iliyompa jina, Saïd the Fisherman, yaani Said mvuvi. H. G. Wells, mwandishi mkubwa wa zama zile, aliisifu. Said ni mvuvi wa pwani ya Sham anayekimbilia Damascus, anamtelekeza mkewe njiani, anatajirika katika fujo za mwaka 1860 Wakristo walipouawa katika mji ule, anafika mpaka London, na mwisho wake unakuwa Alexandria katika machafuko ya 1882. Si mtu mwema. Ni mwongo, ni mwoga, ana tamaa, na bado msomaji anamhurumia.

Hapa pana jambo. Waandishi wa Ulaya wa wakati ule walikuwa na Waislamu wa aina mbili katika vitabu vyao: mshenzi mwenye jambia, au mzee mwenye hekima anayekaa kimya jangwani. Pickthall alimwandika Mwislamu kama binadamu wa kawaida, mwenye kucheka na kudanganya na kuogopa kufa, na akamwandika kutoka ndani, kwa namna watu wenyewe wanavyozungumza. Hakuwa Mwislamu bado. Kuna wanaotutetea kwa kutupaka sukari. Huyu alituheshimu kiasi cha kutuonyesha na madoa yetu.

Baada ya hapo aliandika kwa kasi: The House of Islam mwaka 1906, Children of the Nile mwaka 1908 juu ya mapinduzi ya Urabi Pasha huko Misri, Veiled Women mwaka 1913, na nyinginezo. Aliandika pia riwaya za maisha ya vijijini Uingereza, ambazo hazikupata wasomaji sana. Lakini tusimpambe. Katika miaka hiyo hiyo alikuwa akiamini kuwa utawala wa Waingereza Misri chini ya Lord Cromer ni kheri kwa Wamisri. Alilipenda taifa lake na dola yake. Hili ni la kukumbuka, kwa sababu yaliyofuata hayakufanywa na mtu aliyeichukia Uingereza.

Oktoba 1912 vita vya Balkani vilianza. Bulgaria, Serbia, Ugiriki na Montenegro ziliishambulia dola ya Uthmaniya, na magazeti ya Uingereza yakashangilia. Wahubiri makanisani waliizungumza vita ile kama vita vya msalaba. Pickthall, ambaye Jumapili alikuwa bado akienda kanisani, hakuweza kustahimili. Alishika kalamu akaandika mfululizo wa makala katika jarida la The New Age la London, akaziita The Black Crusade, vita vyeusi vya msalaba. Aliuliza kwa nini Mwislamu akiua Mkristo Ulaya nzima inalia, na Mkristo akiua Waislamu vijiji kwa vijiji, wanawake na watoto, hapatikani hata mmoja wa kuandika mistari miwili. Swali hilo, ndugu msomaji, limekwishaandikwa mara nyingi katika kurasa kama hizi. Yeye aliliuliza katika jarida la watu wake, kwa lugha yao, akiwa mmoja wao. Hiyo ndiyo tofauti, na ndiyo iliyouma.

Hakuishia kuandika akiwa kitini. Mwanzoni mwa 1913 alikwenda Istanbul akakaa miezi kadhaa, akajifunza Kituruki, na habari za safari ile akazitoa katika kitabu With the Turk in Wartime mwaka 1914. Mwaka huo huo alishiriki kuanzisha jumuiya ya kutetea urafiki wa Uingereza na dola ya Uthmaniya. Miezi michache baadaye nchi hizo mbili zikawa vitani.

Sasa fikiria hali yake. Mwandishi anaishi kwa wasomaji wake. Wasomaji wake watoto wao wako mahandakini, na yeye anaandika kwamba vita na Mturuki ni kosa, kwamba Uingereza yenyewe ndiyo iliyomsukuma upande wa Ujerumani. Wizara ya Mambo ya Nje ilimtilia shaka. Mwaka 1916 alijaribu kutafuta njia ya mazungumzo ya amani na Waturuki, na aliyemwandikia kumkatalia ni Sir Mark Sykes, yule yule ambaye jina lake limebaki katika mkataba wa Sykes na Picot wa kugawana nchi za Waarabu. Alimwambia kwamba haifai kwa Mwingereza kujionyesha rafiki mno wa dola ambayo ni adui. Wakati ule Sykes alikuwa na ramani na kalamu ya rangi, na Pickthall alikuwa na makala.

Lazima niseme na upande wa pili, maana mwandishi anayeficha upande wa pili anamdhulumu msomaji. Mapenzi yake kwa Waturuki yalimfanya mzito wa kuamini baya lolote juu yao. Habari za mauaji ya Waarmenia wa mwaka 1915 alizipokea kwa kutilia shaka, akaona zimetiwa chumvi, na akaelekeza lawama kwa Waarmenia wenyewe. Hapo alikosea. Mtu aliyekuwa amewauliza wenzake kwa nini hawawaoni waliouawa wa upande wa pili, naye kuna waliouawa ambao hakuwaona. Nasema hivi si kwa kumshusha. Ni ugonjwa wa kazi yetu sisi waandishi, na aliye mzima na ajitokeze.

Tarehe 29 Novemba 1917 alialikwa kutoa mhadhara mbele ya jumuiya ya waandishi na wasomi wa Kiislamu huko Notting Hill, London. Mada ilikuwa Uislamu na maendeleo. Mwisho wa mhadhara akatangaza kuwa yeye ni Mwislamu. Akachukua jina la Muhammad. Alikuwa na miaka 42. Mwezi huo huo wa Novemba serikali ya nchi yake ilikuwa imetoa tamko la Balfour juu ya Palestina, na wiki chache mbele jeshi lake likaingia Jerusalem. Hapakuwa na faida yoyote ya kidunia kusilimu siku zile, tena kwa mwandishi mwenye jina. Mwaka uliofuata aliitwa jeshini kama askari wa kawaida, akatumikia humo humo Uingereza.

Mwaka 1919 Khwaja Kamal-ud-Din, aliyekuwa akiongoza msikiti wa Woking, alikuwa safarini, na Pickthall akashika nafasi yake. Aliswalisha, akatoa khutba za Ijumaa, akahariri jarida la Islamic Review. Mtoto wa kasisi wa Chillesford sasa alikuwa juu ya mimbari.

Mwaka 1920 akapata barua kutoka India: aje awe mhariri wa Bombay Chronicle. Gazeti hili lilikuwa sauti ya wapigania uhuru wa India, na mhariri wake wa kabla, B. G. Horniman, naye Mwingereza, alikuwa amefukuzwa nchini na serikali ya kikoloni mwaka 1919. Kukubali kiti kile ilikuwa kukubali hatari. Alikubali. Kwa miaka minne aliliendesha gazeti la Wahindi dhidi ya utawala wa taifa lake, akiunga mkono harakati za Khilafa na mwito wa Gandhi wa kutoshirikiana na serikali. Akajifunza na Kiurdu, kwa sababu hakutaka kuwahutubia watu kwa mkalimani. Mwaka 1924 gazeti lilitozwa faini nzito mahakamani, naye akajiuzulu.

Waliosoma makala zangu za nyuma wanajua nina wivu na wahariri. Mhariri anayejiuzulu kwa heshima ni bidhaa adimu, hapa kwetu na kwingine.

Aliyemchukua baada ya hapo ni Nizam wa Hyderabad, mtawala tajiri wa dola ya Kiislamu kusini mwa India. Mwaka 1925 alipewa kuongoza shule ya sekondari ya Chadarghat, na kuanzia 1927 akahariri jarida la kitaalamu la Islamic Culture. Mwaka huo huo alikwenda Madras kutoa mihadhara juu ya utamaduni wa Kiislamu, ambamo aliwasema Waislamu wenyewe bila kuwaonea haya, hasa kwa kuwafungia wanawake elimu. Aliporudi katika kazi zake za shule na jarida, alikuwa ameanza jambo jingine usiku: kuitafsiri Qur'an.

Tafsiri za Kiingereza zilikuwapo. George Sale alitoa yake mwaka 1734, Rodwell mwaka 1861, Palmer mwaka 1880. Wote hawakuwa Waislamu, na Pickthall aliona kwamba mtu asiyeamini kuwa maneno haya ni ya Mwenyezi Mungu hawezi kuyafikisha kwa msomaji kama waumini wanavyoyapokea. Walikuwapo pia Waislamu wa India waliotafsiri, lakini Kiingereza hakikuwa lugha ya mama zao. Yeye alikuwa na vyote viwili. Nizam akampa likizo ya miaka miwili yenye mshahara amalize kazi. Ni tajiri gani wetu leo angelipa mshahara wa miaka miwili kwa mtu akae asome na kuandika? Tunajenga minara, alhamdulillahi, na vitabu vinasubiri.

Alipomaliza hakukimbilia kwa mchapishaji. Mwishoni mwa 1929 alifunga safari mpaka Cairo ili wanavyuoni waipitie. Huko alikuta mzozo. Wako masheikh wa al-Azhar walioona kuwa kuitafsiri Qur'an hakufai kabisa, na miaka michache nyuma tafsiri ya Muhammad Ali wa Lahore ilikuwa imepingwa vikali. Pickthall alibishana nao kwa Kiarabu. Hoja yake ilikuwa nyepesi: Waislamu wasiojua Kiarabu ni wengi kuliko wanaokijua, na kama Waislamu hawatawafasiria, wengine watawafasiria. Mwanachuoni wa Kimisri aliyekuwa amesoma London, al-Ghamrawi, alikaa naye wakapitia kazi ile. Naye Sheikh Mustafa al-Maraghi, aliyekuwa Sheikh Mkuu wa al-Azhar hadi mwaka huo, alimwambia kwamba ikiwa ana yakini na anachokifanya, aendelee kwa jina la Mwenyezi Mungu wala asiwasikilize wapingaji.

Ikatoka mwaka 1930: The Meaning of the Glorious Koran. Tazama jina lilivyo. Hakuiita Koran, aliiita maana yake. Katika utangulizi alikiri kuwa Qur'an yenyewe haitafsiriki. Jina la Allah aliliacha kama lilivyo. Kiingereza chake ni cha kale, kile kilichozoeleka makanisani, na vijana wetu hukikimbia. Mimi mwenyewe nilipokuwa na umri wao nilisoma juzuu ya mwisho nikiwa na kamusi mapajani, na nilijifunza Kiingereza zaidi kuliko nilivyojifunza dini.

Sisi wa Kiswahili hoja yake tunaijua kwa uzoefu. Tafsiri ya kwanza kamili ya Qur'an kwa lugha yetu ilitolewa mwaka 1923 na Godfrey Dale, padri wa misheni ya UMCA aliyefanya kazi Zanzibar, na lengo lake lilikuwa kuwasaidia wahubiri. Mwaka 1953 ikaja ya Sheikh Mubarak Ahmad wa Ahmadiyya. Mpaka Sheikh Abdallah Saleh Farsy alipoikamilisha Qurani Takatifu mwaka 1969, ilikuwa imepita miaka 46 tangu ya Dale. Alilolisema Pickthall Cairo lilikuwa limekwishatokea kwetu.

Alistaafu Hyderabad mwaka 1935 akarudi Uingereza na Muriel. Jarida la Islamic Culture likaja kushikwa na mwandishi mwingine wa Ulaya aliyesilimu, Muhammad Asad. Pickthall alifariki St Ives, Cornwall, tarehe 19 Mei 1936, akazikwa katika makaburi ya Waislamu ya Brookwood, Surrey. Mwaka 1953 Abdullah Yusuf Ali, mwenye ile tafsiri nyingine ya Kiingereza iliyoenea zaidi, naye alizikwa makaburi hayo hayo.

Juma lililopita nilirudi darsani nikawasimulia vijana haya yote, na mapya mawili matatu ambayo nafasi hainiruhusu. Walisikiliza vizuri. Nilipomaliza hakupiga mtu takbira. Yule kijana akanyoosha mkono tena: "Maalim, hicho kitabu cha Said mvuvi tutakipata wapi?" Nilikwenda kwenye kabati la maktaba ya msikiti, nikapekua rafu zote tatu. Tafsiri zake zilikuwapo nne. Riwaya hapakuwa hata moja. Nimemwomba anipe wiki mbili.